Dirishani Hakuwa Mtu

Mwalimu alikuwa amestaafu kwa miaka kumi na mmoja, na katika miaka hiyo yote hakukumbuka kupata juma zima ambalo mlango wake haukugongwa kwa ajili ya jina la mtu. Mmoja alitaka barua ya kuthibitisha kwamba yeye na kaka yake ni tumbo moja, ingawa vyeti vyao vilisema vingine. Mwingine alitaka kujua kwa nini cheti chake kimeruka jina la baba kikaenda moja kwa moja kwa babu. Wa tatu, mwanamume mwenye mvi zake, alikuja kulalamika kwamba jina lake halina maana yoyote, kana kwamba Mwalimu ndiye aliyemzaa.

"Mimi nilifundisha watu kusoma na kuandika," alikuwa akimwambia mumewe kila mgeni wa namna hiyo alipoondoka. "Sikufundisha watu kuitwa."

Mumewe alikuwa fundi redio ambaye mikono yake ilikataa kustaafu pamoja naye. Alijibu bila kuinua macho kutoka kwenye nyaya zake. "Ungewapa namba tangu mwanzo."

Katika miaka thelathini na minne ya kazi, Mwalimu hakuwahi kuhamishwa darasa. Wenzake walipanda wakawa walimu wakuu, wengine wakawa wakaguzi. Yeye alibaki darasa la kwanza, mahali ambapo kila mtoto wa mtaa ule alipita na kamasi zake na woga wake. Kwa sababu hiyo, yeye ndiye aliyekuwa mtu wa kwanza kuyaandika majina yao. Waliokuwa nje ya kazi hiyo waliiona ni ya dakika kumi. Yeye ilimchukua juma zima la kwanza la mwaka, na juma hilo alilichukia kuliko majuma ya mitihani. Mama alimleta mtoto na kutaja jina. Kesho yake baba alikuja na jina lingine. Siku ya tatu akatokea bibi kusema kwamba hayo mawili ni ya kubandika tu, na lenyewe hasa halitajwi mbele za watu. Mwaka mmoja kulikuwa na mtoto aliyeandikwa mtoro siku nne mfululizo huku amekaa dawati la mbele kabisa. Alikuwa amepewa jina la baba wa baba yake, na mama yake, kwa kumheshimu mkwewe, hakuthubutu kulitamka. Nyumbani aliitwa Babu na hakujua jina jingine. Siku ya tano Mwalimu, akiwa amekwisha kuchoka, aliita, "Haya, Babu," na mtoto akasimama na kuitika kwa adabu zote.

Kwa kuwa alikuwa mtu wa kuhesabu hata vipande vya chaki, alitambua mapema kwamba majina ya watoto hayaji ovyo. Yalikuja kwa makundi, miaka sita baada ya jambo lenyewe. Kulikuwa na mwaka ambao theluthi ya darasa walikuwa na majina ya shida, kwa kuwa mama zao walijifungua katika mwaka wa njaa; miaka miwili baadaye yakamiminika majina ya shukrani, na rejista ikasomeka kama sala. Kulikuwa na mwaka wa majina ya watangazaji wa redio. Angeweza kufunikwa macho, akatajiwa majina kumi, na akakuambia watoto hao walizaliwa lini na mvua ilikuwaje mwaka huo.

Mwaka wa tisa wa kazi yake waliingia wasichana watano wenye jina moja. Chanzo chake hakikuwa siri. Miaka sita nyuma, barabara ya kwenda hospitali kubwa ilikuwa imekatwa na mafuriko kwa miezi mitatu, na mkunga wa zahanati ya mtaa, peke yake na taa ya mkononi, akawazalisha wanawake wote waliofikia siku zao katika miezi hiyo bila kumpoteza hata mmoja. Wanawake wale walimlipa kwa njia waliyoijua: kila aliyejifungua mtoto wa kike alimpa jina lake. Mkunga mwenyewe, kwa walivyosimulia, aliwaomba waache. "Mtanikomesha," aliwaambia. "Siku mtakaponiita na shida zenu, wataitika watoto wa mtaa mzima na mimi nitaendelea kulala."

Njia ya kawaida ingekuwa kuwatenganisha kwa majina ya baba zao. Mwalimu alijaribu siku mbili. Kila alipomwita mmoja wao kwa jina lake na la baba yake, mtoto aligeuka kuangalia mlangoni kama kweli baba amekuja kumchukua. Ndipo alipofanya jambo ambalo wakati ule lilionekana dogo kuliko kukuna sikio. Pembeni mwa kila jina aliandika, kwa penseli, mahali mtoto alipokaa: dirishani, mlangoni, ubaoni, kabatini, nguzoni. Penseli hiyo ilikuwa ifutwe mwisho wa mwaka. Lakini mwisho wa mwaka Mwalimu alikwenda kujifungua mtoto wake wa pili, na kazi ya kunakili majina kwenye kadi za wanafunzi, zile zinazomfuata mtoto hadi darasa la saba, ikaangukia mikononi mwa karani mpya, kijana aliyeogopa kuuliza kuliko alivyoogopa kukosea. Karani alinakili alichokiona, na neno la penseli likakaa mahali pa jina la baba. Na alinakili kwa wino.

Jumatatu moja asubuhi, Mwalimu alikuwa uani akianika mapazia aliyoyafua kwa mkono, kwa sababu hakuiamini mashine, mwanamke wa miaka arobaini hivi alipofungua lango na kusimama penye kivuli cha kamba.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba. Kama ni barua, muhuri niliuacha shuleni."

"Nimekuja kwa jambo lingine. Mimi ni Dirishani."

Mwalimu aliweka vibanio mdomoni, akamtazama, akavitoa. "Wa wale watano?"

"Ndiye mimi."

"Ulikuwa unakwangua rangi ya fremu na kuila."

"Sikumbuki, Mwalimu."

"Mimi ninakumbuka. Niliandikiwa barua na mwalimu mkuu kwa ajili ya fremu hiyo. Shika ncha ya pazia hili, kisha useme."

Dirishani alishika ncha. Alikuwa mtunza ghala la dawa hospitalini, mtu aliyezoea kusema mambo kwa mpangilio, na aliyasema hivyo. Baba yake, dereva wa malori ya masafa marefu, alikuwa amefariki wiki sita zilizopita. Alhamisi ya juma lile, kaka wa marehemu, ambaye yeye alimwita Baba Mkubwa, angepeleka mahakamani orodha ya watoto wa marehemu. Na shangazi yake, dada wa marehemu, alikuwa amesimama kidete kwamba Dirishani asiandikwe.

"Kwa nini?"

"Anasema mimi si wa kaka yake. Anasema baba yangu ni Dirishani."

Mwalimu aliacha pazia. "Dirishani ni nani?"

"Ndiyo hivyo sasa, Mwalimu."

"Dirishani ni mahali," alisema Mwalimu, polepole, kwa sauti aliyokuwa akiwasemesha watoto wa siku ya kwanza. "Ni pale penye kioo na nondo. Nje unaona choo cha wavulana."

"Mimi najua. Kamweleze shangazi."

"Yaani watu wazima wamekaa kikao kumjadili dirisha?"

"Anasema alimwona kwa macho yake. Mrefu, mwembamba, ana kofia, na baiskeli yenye kengele mbili."

Mwalimu alikaa kwenye ukingo wa beseni lililopinduliwa. Katika maisha yake alikuwa amesikia majina yakielezwa kwa kila aina ya uongo: yanayotokana na wafalme ambao hawakuwahi kutawala, na mito ambayo haimo katika ramani yoyote. Lakini hili la dirisha kupanda baiskeli lilimmaliza maarifa.

"Kwa nini hukulibadilisha?" aliuliza kwa ukali, kana kwamba kosa lilikuwa la mgeni.

"Kwa karatasi gani? Cheti cha shule kilifuata kadi. Cheti cha kuzaliwa nilikipata ukubwani, wakafuata cheti cha shule. Kitambulisho kikafuata cheti cha kuzaliwa. Kila ofisi niliyokwenda iliniambia niende kwenye ile iliyotangulia. Ya mwanzo kabisa ni wewe."

"Mimi nilitumia penseli."

"Ndiyo, Mwalimu."

"Na mama yako anasemaje?"

Dirishani alinyoosha pazia ambalo lilikwisha nyooka. "Mama hasemi. Tangu msiba yuko jikoni. Neno lake ni moja tu: nisipoandikwa, na yeye hataweka kidole chake kwenye karatasi ile, na ataondoka katika nyumba hiyo na sanduku moja. Ameolewa miaka arobaini na minne. Mimi mahakama naweza kuipigania, Mwalimu. Yeye akitoka pale na sanduku, mtaa mzima utasema shangazi alikuwa na haki."

Siku nzima hiyo Mwalimu alikuwa hashikiki. Alimlaumu karani, ambaye alikwisha fariki na hakuweza kujitetea. Aliwalaumu wanawake wa zahanati, watano, kwa kushindwa kufikiria jina la pili. Alimlaumu shangazi ambaye hakumjua. Mumewe alisikiliza yote, kisha akauliza kama penseli yenyewe imewahi kulaumiwa.

"Usinichokoze," alisema Mwalimu, akaburura sanduku la bati kutoka chini ya kitanda.

Rejista zake zote zilikuwa humo, zimepangwa kwa miaka, na dawa ya nondo imewekwa kila kona. Alikuwa na desturi, ambayo wakaguzi waliikejeli, ya kuchora nyuma ya kila rejista ramani ya darasa: madawati, ubao, kabati, mlango, na herufi za kwanza za kila mtoto mahali pake. Ya mwaka wa tisa ilikuwa imeliwa na mchwa ubavuni, lakini ramani ilikuwa salama. Penseli imefifia ikawa rangi ya majivu, na bado ilisomeka. Mwalimu aliitazama kwa uradhi wa mtu aliyejua tangu zamani kwamba yeye hana kosa.

Ushahidi wa karatasi aliona hautoshi. Jumanne alikwenda kumtafuta mwingine kati ya wale watano, na hakutafuta sana, kwa kuwa njia panda ya soko kulikuwa na kibao cha samawati kilichoandikwa kwa herufi za futi nzima: SALUNI YA KABATINI. Mwalimu alisimama mbele ya kibao hicho muda mrefu, akihisi kichwa kinaanza kumgonga.

"Jina hili limenilisha," alisema Kabatini, mwanamke mnene mwenye vidole vyepesi, bila kuacha kusuka. "Mteja akilisikia mara moja halisahau. Wengine wanadhani ni la ukoo wa kitajiri. Mimi nanyamaza."

"Na baba yako alisemaje?"

"Baba alicheka mpaka akapaliwa. Aliniambia, afadhali kabati, wangeweza kukuweka karibu na pipa la taka."

"Kesho saa tisa nakuhitaji. Vaa nguo ya heshima."

"Nina bibi harusi kesho, Mwalimu."

"Bibi harusi atasubiri. Wewe nilikufundisha kusoma miezi saba kabla hujaijua herufi moja. Nilisubiri."

Kabatini aliacha kusuka. "Saa tisa, Mwalimu."

Sebule ya marehemu dereva ilikuwa ya mtu aliyependa vitu kukaa sawa: vitambaa vya kufuma juu ya kila kiti, televisheni imefunikwa, saa ya ukutani iliyokwenda mbele dakika tano kwa makusudi. Baba Mkubwa alikaa kwenye meza ndogo na karatasi ya mistari, kalamu imewekwa sambamba na ukingo. Alikuwa mzee wa maneno machache ambaye maisha yake yote aliendesha stoo ya vipuri, na alionekana kutamani watu nao wangekuwa na namba za rafu. Shangazi alikaa karibu na dirisha, jambo ambalo Mwalimu alilitambua mara moja na akajikataza kulisema. Dirishani alikaa kwenye kigoda. Mlango wa jikoni ulikuwa wazi nusu, na ndani yake vyombo vilikuwa vikioshwa bila haraka. Uani walikuwapo majirani watatu waliokuja kutoa pole na ambao, kwa namna ya ajabu, hawakuwa wamemaliza kuitoa.

"Karibu, Mwalimu," alisema Shangazi. "Tumesikia unakuja kutufundisha."

"Nimekuja kuonyesha kitu. Kufundisha kunalipwa."

Alifungua rejista mezani na kueleza. Alieleza vizuri, kama alivyoeleza mambo maisha yake yote, kidole kikitembea kutoka dawati hadi dawati. Baba Mkubwa aliinama, akasoma, akatikisa kichwa kwa kukubali. Shangazi hakusogea hata inchi.

"Karatasi huandikwa na mtu," alisema. "Na mtu akiombwa vizuri, huandika."

Mwalimu alimgeuzia ubavu wa rejista ulioliwa. "Mama, karatasi hii imeliwa na mchwa. Unadhani na mchwa niliwaomba vizuri?"

Uani mtu alicheka, akajifanya anakohoa.

"Mimi sijui mambo ya mchwa. Najua nilichokiona."

"Shangazi, samahani," alisema Kabatini, aliyekuwa amevaa gauni la harusi za wenzake na kukaa kwenye ncha ya kiti. "Mimi naitwa Kabatini. Nilisoma na huyu darasa moja, kitambulisho hiki hapa. Kama yeye ana baba wa pembeni, basi na mimi mnitafutie wangu. Awe na droo tu, sina masharti mengine."

Safari hii walicheka hata waliokuwa ndani. Baba Mkubwa alijificha nyuma ya leso. Mwalimu, ambaye hakuwa na desturi ya kucheka kikaoni, aliona kesi imekwisha na akaanza kufunga rejista. Lakini Shangazi hakucheka. Alikuwa mwanamke aliyelibeba jambo moja kwa karibu miaka thelathini, na hakuwa tayari kuliweka chini kwa sababu ya mzaha wa msusi.

"Chekeni," alisema. "Mtoto huyu alikuwa darasa la saba. Kaka yangu yuko barabarani na lori, wiki tatu hajarudi. Baiskeli ikaja pale langoni. Ikaja tena. Ikaja mara ya tatu. Mimi naishi nyumba ya pili, macho ninayo. Nikamuuliza wifi yangu kwa mdomo wangu, wifi, huyu mtu ni nani na anataka nini? Akanijibu, 'Ni mambo ya Dirishani.' Sikuyatunga. Yuko hapo jikoni, mwiteni akane."

Vyombo viliacha kulia. Mama yake Dirishani akatokea mlangoni, mwanamke mdogo wa umbo, mikono imelowa hadi viwikoni. Hakuwaangalia wengine. Alimwangalia Shangazi.

"Sikani, wifi. Nilisema hivyo."

"Mnaona?"

"Yule alikuwa karani wa shule."

Mwalimu, ambaye mkono wake ulikuwa bado juu ya jalada, aliiona baiskeli ile kama imeegeshwa mbele yake: kengele mbili kwenye usukani, moja imekufa, nyingine inalia yenyewe kwenye mashimo. Karani aliyenakili kwa wino. Kijana aliyekwisha kuwa mtu mzima, mwenye kofia.

"Orodha ya mtihani ilitoka," alisema mama, kwa sauti ya kawaida, kama anayeeleza mahali chumvi ilipo. "Nikaona mwanangu anaitwa Dirishani. Nikaenda shule. Mwalimu mkuu akasema itarekebishwa, ila inatakiwa barua ya mwalimu aliyemwandikisha darasa la kwanza. Karani aliona haya, kosa lilikuwa la mkono wake, akasema atanifuatilia. Akaja mara ya kwanza, akasema Mwalimu ana kazi ya kusahihisha, tusubiri. Akaja mara ya pili, akasema Mwalimu anasema yeye aliandika kwa penseli. Akaja mara ya tatu, hata hakushuka kwenye baiskeli. Akasema, mama, usijisumbue tena. Mwalimu amesema mkamtafute aliyetumia wino."

Mwalimu aliyakumbuka maneno hayo. Asingeweza kuyakana hata kama angetaka, kwa sababu aliyapenda. Aliyasema chumba cha walimu, karani amesimama mbele yake na kofia mkononi, na wenzake wakacheka, na yeye akayarudia nyumbani jioni ile kwa mumewe. Barua ya mistari minne. Alikuwa na karatasi mezani, na kalamu, na rejista ndani ya kabati lililokuwa nyuma ya mgongo wake. Miaka yote hii alikuwa amewasimulia watu jinsi karani alivyoyaharibu majina ya watoto watano, na kila mara alisimulia kama mtu aliyesimama mbali.

"Kwa nini hukutuambia, shemeji?" aliuliza Baba Mkubwa.

"Nani aliniuliza? Wifi aliniuliza mara moja, nikajibu. Baada ya hapo hakuna aliyeuliza, walikuwa wanasema tu." Alifuta mkono mmoja kwa kanga. "Mume wangu nilimwambia siku aliyorudi. Alicheka. Baadaye maneno yalipozidi nilitaka kuita kikao, akanikataza. Akasema, ukianza kujieleza watadhani kuna la kueleza. Nikalishika neno lake. Yeye hakusumbuka nalo, alikuwa barabarani. Mimi ndiye niliyekuwa nakwenda bombani."

Shangazi akasema, kwa sauti ya chini zaidi, "Ningejuaje kama ni karani?"

"Ungeuliza mara ya pili, wifi."

Mwalimu aliomba karatasi. Baba Mkubwa alimchania moja kutoka kwenye daftari lake na kumsogezea kalamu, na Mwalimu akakaa mezani, akavaa miwani. Alipofika mstari wa tatu, wote wakaanza kusema.

"Fupi, Mwalimu," alisema Baba Mkubwa. "Mahakama haisomi riwaya."

"Itakuwa fupi ukiniacha niandike."

"Uandike pia kwamba mimi sikumtukana mtu," alisema Shangazi.

"Barua hii ni ya jina. Mdomo wako uutafutie barua yake."

"Na mimi nitajwe," alisema Kabatini. "Kama shahidi. Na saluni."

"Hutatajwa saluni."

"Njia panda ya soko, Mwalimu, maneno matatu tu."

"Manne," alisema Mwalimu, na hakuyaandika.

Tatizo likawa orodha. Baba Mkubwa alitaka kumwandika mtoto kwa jina la marehemu, kama haki ilivyo. Dirishani mwenyewe akamweleza kwamba jina likitofautiana na kitambulisho, karani wa mahakama ataurudisha mzigo wote. Walizunguka hapo robo saa nzima. Mwishowe ikakubaliwa aandikwe jina lake, la baba yake, kisha Dirishani mwishoni, na barua ya Mwalimu ibanwe nyuma ya orodha. Mwalimu alilitazama jina hilo likiingia kwenye mstari wa Baba Mkubwa, kwa wino, herufi baada ya herufi, kwa mara nyingine tena, na hakukuwa na jambo lolote la kufanya.

"Basi," alisema Baba Mkubwa. "Shemeji, njoo uweke kidole."

Mama hakutoka mlangoni. "Barua isomwe kwanza."

"Tutaibana hapa, ataisoma hakimu."

"Hakimu simjui. Aisome aliyeiandika."

Mwalimu alivua miwani, akaifuta, akaivaa tena. Akasoma. Kwamba yeye, mwalimu wa darasa la kwanza kwa miaka thelathini na minne, ndiye aliyemwandikisha mtoto huyu, na baba aliyemleta shuleni siku ya kwanza, akiwa amembeba begani, ni marehemu dereva. Kwamba neno Dirishani aliliandika yeye kwa mkono wake, likimaanisha mahali mtoto alipokaa, na halikuwa jina la mtu yeyote aliyepata kuishi. Kwamba mama wa mtoto aliomba kosa hili lirekebishwe kwa wakati wake, na aliyekataa ni mwandishi wa barua hii.

Hapo sauti ilimpungua kidogo. Alimaliza, akakunja karatasi.

"Soma tena," alisema mama.

"Mama," Dirishani alimnong'oneza.

"Wifi alikuwa anakohoa, hakusikia mwisho. Na walioko uani wamekaa mbali."

Mwalimu alitazama mlango, akatazama majirani watatu, ambao sasa hawakujificha tena. Akaifunua karatasi, akasimama wima kama alivyokuwa akisimama mbele ya watoto sitini, na akasoma kutoka juu kwa sauti ya darasani, ile inayofika dawati la nyuma. Mstari wa mwisho aliusoma kwa sauti ile ile. Alipomaliza, Shangazi alikuwa anaangalia mikono yake.

Mwalimu alinyoosha mkono kumkabidhi Baba Mkubwa barua.

"Bado moja," alisema mama, akafuta kidole gumba kwa kanga hadi kikakauka. "Karani alikuja mara tatu."

Mwalimu akaurudisha mkono.